Ndala za Kijani za Kamatanda

Kwenye shimo la Casimir, kule Kamatanda, mchimbaji huvua ndala kabla ya kushuka na kuziacha pembeni mwa mdomo wa shimo. Anayezichunga ni Mama Alphonsine, muuza bukari na sombe, yaani ugali na kisamvu, chini ya turubai hapohapo. Jioni ndala zote zikishaondoka, naye huzima mkaa akaenda kwake. Zikibaki, watu hurudi chini kutafuta.

Jumanne moja zilibaki ndala za kijani, ya kushoto imeshonwa kwa waya.

Casimir, mwenye shimo, ambaye huitwa PDG, yaani mkurugenzi mkuu, ingawa hana hata kiti cha kukalia, aliwakusanya watu wake. Walitazamana usoni, wakatajana majina, wakatajana tena. Wote walikuwepo.

“Kama hakuna muntu anakosa, hakuna muntu alikufa,” alisema Casimir. “Tuende.”

Chanzo cha mambo haya kilijulikana. Wiki iliyotangulia walikuwa wamekata nguzo. Kule chini huachwa nguzo za mwamba zibebe dari, na nguzo ile ilikuwa na madini mazuri kuliko njia nzima, basi Casimir akaamuru iliwe. Kila mtu alingoja dari lianguke, lakini halikuanguka. Kumbe nguzo ilikuwa imebeba kitu kingine, na tangu siku ile ulimwengu ulianza kuchakaa kuanzia pale, kama suruali inavyochakaa magotini. Kwanza paa la jirani lilikosa rangi. Halikufifia, lilikuwa tu halina rangi. Kisha barabara ya Kambove ikakosa kona moja, na teksi zikawa zinafika mapema. Madereva hawakulalamika.

Stéphanie alikuja kwa Mama Alphonsine Alhamisi ya wiki iliyofuata, siku zake za kujifungua zimekaribia. Alikuwa mwimbaji wa kwaya, ila Pasta Élysée alikuwa amemwondoa mbele na kumkalisha benchi la nyuma, kwa sababu alikuwa na mimba na hakuna aliyewahi kumwona na mwanaume. Yeye mwenyewe hakukumbuka mwanaume yeyote. Lakini nyumbani alikuwa na suruali mbili, alizifua na kuzianika kabla ya kujiuliza ni za nani. Na alikuwa na picha. Ndani yake amevaa gauni jeupe, amesimama upande mmoja, mkono wake umeshika hewa kwa nguvu.

“Mama, unionyeshe bile bilatu,” alisema.

Alichukua ndala ya kushoto, akapitisha kidole kwenye waya.

“Hii waya ni ya kamba yangu ya kuanikia nguo. Ni minye nilishonaka.”

Akalia palepale, amesimama. Alikuwa akimlilia mtu asiyemjua hata kidogo, na uchungu ulikuwa wa mke.

Alitaka jambo moja tu: isemwe hadharani kwamba mtoto ana baba. Mchimbaji akifa, desturi ni PDG anunue sanduku la kuzikia na aketi kwenye matanga mbele ya watu. Casimir angeketi, hata kanisa lingenyamaza. Kwa hiyo Mama Alphonsine alimfunga kitenge vizuri, wakaenda pamoja.

“Jina yake?” aliuliza Casimir.

“Siyijue.”

“Na sura?”

“Siyijue, patron.”

“Sasa maman, minye nitalia nani?”

Aliuliza kwa upole, na upole ule uliudhi kuliko tusi.

Wakaenda na kwa Pasta Élysée, naye aliitazama picha kwa muda mrefu. Arusi aliikumbuka. Alikumbuka keki.

“Nilibariki,” alisema. “Nilitia mukono huku na mukono kule. Lakini kule kulikuwa nani, Mungu njo anajua.”

Akamwombea, kisha akamrudisha benchi la nyuma.

Basi Stéphanie aliweka matanga mwenyewe. Alitandika mkeka uani, akaweka ndala katikati. Majirani walikuja, kwa kuwa matanga hayakosi watu, na walileta unga na mkaa. Wanawake walitaka kulia, lakini kilio huita jina la marehemu, basi wakawa wanafungua midomo na kuifunga. Mwishowe Mama Alphonsine akaanza: “Mwenye bilatu, e, mwenye bilatu!” Wengine wakafuata, na mtaa mzima ukasikia.

Casimir hakufika, ila habari zilimfikia, na hazikumfurahisha. Jumatatu alitoa amri mpya: hakuna tena kuvua ndala, kila mtu ashuke nazo miguuni.

“Ni juu ya sécurité,” alisema.

Wachimbaji waliona ni jambo la maana, maana mawe ya kule chini yanakata. Siku hiyohiyo walianza kula nguzo ya pili.

Jioni mdomo wa shimo ulikuwa safi. Watu walipanda, wakatajana majina, wote walikuwepo. Wakala, wakaondoka. Lakini Mama Alphonsine hupika kwa agizo, kila anayeshuka asubuhi humwambia amwekee chakula chake, na sasa sahani moja ilikuwa imebaki. Juu ya bukari kulikuwa na vipande viwili vya samaki, maana mtu alikuwa ameomba aongezwe. Alikuwa ameomba kwa utani, na Mama Alphonsine alikuwa amecheka. Kicheko alikikumbuka.

Aliifunika kwa sahani nyingine, akazima mkaa. Kisha akaanza kupita nyumba kwa nyumba, akiwaomba wanawake wamwonyeshe picha zao za arusi.