Unga Usiogombewa

Kilichomtia Robi wasiwasi mwanzoni hakikuwa rangi ya ule unga, bali wingi wake. Lori lilifika Jumanne, likashusha magunia arobaini mbele ya duka la ushirika la kijiji, na hadi jua linakuchwa hakuna aliyekanyagwa, hakuna aliyetukaniwa mama yake, hakuna aliyechaniwa kanga kwenye foleni.

"Hebu nielezeni," aliwaambia wanawake wenzake kisimani kesho yake. "Sabuni ikija, inakuja vipande ishirini na watu wanang'oana nywele. Sukari ndiyo hiyo, tunapimiwa kwa kikombe kama dawa. Kitu kizuri siku hizi kinakuja kidogo. Sasa hiki kimekuja gunia arobaini, kimekaa, kinatusubiri. Kinatusubiria nini?"

Hakuna aliyekuwa na jibu. Na kwa Robi, swali likikosa jibu, basi limeshajibiwa.

Tuseme ukweli, mwanamke huyu alikuwa na shaka nyingi. Chumvi ya dukani aliinusa kwanza ndipo aitie chunguni. Mafuta ya kopo aliyakataa mwaka mzima, mpaka alipojiridhisha kwamba mke wa katekista anayakaangia mboga na bado anaimba kwaya. Lakini tusimcheke sana. Mwaka uliotangulia walihamishwa kutoka maboma yao ya zamani, wakapangwa kwenye kijiji kipya cha ujamaa, nyumba zimenyooka kwa mstari, na walipouliza ulezi waliouacha shambani itakuwaje, waliambiwa chakula watakikuta mbele. Mbele walikuta mvua imegoma. Huo ulikuwa mwaka wa sabini na nne, na kata nzima ya Kemambo ilikuwa inakaza mkanda.

Unga wenyewe ulikuwa wa mahindi, wa njano. Njano kabisa. Watu hawa ugali wao ni wa ulezi na muhogo, mweusi mwekundu, ukishikwa unashikika. Huu wa njano ulitoka ng'ambo, na kila mtu alikuwa na habari zake. Mmoja aliyetoka Tarime mjini alisema huko wanauita unga wa Yanga, kwa rangi ya jezi za timu ile, na wanaula huku wakicheka. Mwingine alisema huko ulikotoka ni chakula cha nguruwe. Wa tatu akasema unafunga kizazi na kukausha maziwa ya mama, na hilo la tatu ndilo lililoshika.

"Si walikuja kutuhesabu mwezi uliopita?" Robi alisema. "Nyumba kwa nyumba, watoto wangapi, wanawake wangapi. Ng'ombe wakishahesabiwa na malisho hayatoshi, mwenye ng'ombe anafanya nini?"

"Anapunguza," mwanamke mmoja akajibu kwa sauti ndogo, na wengine wakajitwisha ndoo zao.

Basi wanawake walirudi majumbani wakiwa wameshiba maneno tu. Nyumbani kwa Robi kulikuwa na kibaba kimoja cha ulezi. Kulikuwa pia na Agustina, mke wa mwanawe Kisyeri; Kisyeri mwenyewe alikuwa amekwenda Musoma kutafuta kibarua. Na kulikuwa na Heche, mtoto wa Agustina, mwenye miezi minne. Heche alikuwa akinyonya kidogo, anaachia, anamtazama mama yake kana kwamba amedanganywa, halafu analia. Maziwa yalikuwa yanakwenda. Robi alimpenda mjukuu huyu kupita alivyoweza kusema mbele za watu, na kila kilio chake kilimkata. Lakini kumlisha mama yake kitu cha kukausha hata hayo machache yaliyobaki? Afadhali uji wa ulezi mwepesi kama maji ya kunawia.

Ndipo akapata wazo, na wazo lenyewe halikuwa geni. Katika nchi ile, anayekuletea chakula au pombe huonja kwanza mbele yako. Mwenye nyumba akikukaribisha, anapiga funda lake, anakusubiri umtazame, kisha anakupa kibuyu. Asiyeonja ana lake moyoni. Aliyeleta unga ni serikali, na serikali haina mdomo, lakini muuza duka anao. Aonje yeye.

Tatizo lilikuwa kwamba muuza duka, Machage, alikuwa mkwe wake. Alimwoa Felista, binti yake wa kwanza. Mkwe na mama mkwe hawatazamani usoni, hawapeani mkono, na kula mmoja mbele ya mwenzake ni jambo la soni kubwa, linaloweza kuwaita wazee na kumgharimu mtu mbuzi. Kwa hiyo Robi hakusema neno hilo kwa kinywa chake. Alilipitisha kwa wanawake, wanawake wakalipeleka kwa Nyangwine, mwenyekiti wa kijiji, na Nyangwine akatangaza kwamba Jumamosi asubuhi Ndugu Machage atakula ugali wa njano hadharani, ubishi uishe.

Kama Robi angebaki nyumbani siku ile, hadithi hii isingekuwepo. Lakini Robi kuambiwa tu kwamba fulani amekula? Robi? Alitaka kuona mkono ukienda mdomoni, na koo likimeza. Alijifunika kanga mpaka machoni, akazunguka nyuma ya duka, akajibanza kwenye kundi la wanawake karibu na ukuta wa ghala. Alijiambia hakuna atakayemjua.

Ugali ulipikwa palepale juu ya mafiga matatu. Machage alinawa. Alikuwa kijana mrefu, mpole, asiyejua kupunja mizani, na watu walimpenda hadi Jumanne ile. Alimega tonge, akalifinyanga, akaliinua.

Robi alikuwa mtu wa ugoro. Na ugoro hauulizi saa. Alipiga chafya moja, akaibana pua, zikaja mbili nyingine kubwa kuliko ya kwanza. Alijikunja nyuma ya mwanamke mnene, akasubiri kidogo, kisha akachungulia.

Machage alikuwa amelishusha tonge. Macho ameyaweka chini. Alilirudisha sahanini polepole.

"Kula, tata! Kula, baba!" mtu akamwambia.

"Siwezi," alisema Machage.

"Huwezi nini?"

"Siwezi hapa. Njooni nyumbani kwangu, nitakula mnione."

"Nyumbani kwako utapika unga mwingine!" wakapiga kelele. "Kula hapa! Huu huu!"

Machage alitokwa jasho na ilikuwa bado asubuhi. Kisha akaingia dukani, akafunga mlango kwa ndani, na watu wakamzomea mpaka sauti zikawakauka. Mtu mmoja aliutupa ule ugali kwa mbwa. Mbwa waliula wote, wakalamba na sufuria, lakini mbwa hana kizazi cha kumhuzunisha mtu, kwa hiyo hakuna aliyehesabu ushahidi wao.

Robi alirudi nyumbani mwepesi wa miguu. "Nilijua," alimwambia Agustina. "Tonge limefika hapa, kwenye mdomo, akalirudisha. Mwenyewe anajua kilichomo. Usije ukaugusa unga ule hata nikifa."

"Siugusi, mama," Agustina alisema.

Jumapili Nyangwine alitangaza kanisani kwamba lori litarudi Jumatano kuuchukua unga, upelekwe vijiji vya upande wa Mugumu ambako watu wanauomba. Siku ya Jumatatu kibaba cha ulezi kiliisha. Jumanne Heche hakulia sana, na hilo lilimtisha Robi kuliko kilio. Alimshika, akamwona mwepesi, na ngozi ya mapaja inakunjamana.

Mchana ule Felista alikuja na mfuko mdogo wa unga ameuficha ndani ya kitenge. Aliwasalimu wote wawili kwa sauti ya chini, akauweka mfuko mbele ya mama yake.

"Ondoa," alisema Robi.

"Mama, mtoto anakufa huyu."

"Ndiyo maana nasema ondoa. Mumeo mwenyewe ameshindwa kuula."

Felista alimtazama mama yake. Alikuwa binti wa heshima, lakini siku ile alikuwa amechoka. Watu walikuwa wametema mate mlangoni kwake. "Mume wangu anaula kila siku," alisema. "Mimi naula. Wanangu wanaula. Jumamosi hakula kwa sababu alisikia chafya."

Robi akaurudisha mkono uliokuwa ukiusukuma mfuko.

"Chafya tatu, mama. Kijiji hiki kizima nani anapiga chafya tatu vile? Alitaka ale, akajua mama mkwe wake yuko nyuma ya ukuta anamtazama mdomoni. Ungetaka afanye nini? Aseme mbele ya watu, 'Mtoeni mama mkwe wangu, amekuja kunichungulia nikila'? Akuvue nguo? Amekubali aitwe mwuaji. Ananiambia nisikwambie, na mimi nimekwambia."

Shaka haifi kwa siku moja. "Ndivyo alivyokutuma useme?" Robi aliuliza, lakini masikio yake yalikuwa yamepata moto, na soni ilimpanda kutoka miguuni. Alimkumbuka Machage na jasho lake la asubuhi. Alikuwa amemdhania sumu, kumbe mtu yule alikuwa anamsitiri.

Felista alipoondoka, Robi alisonga ule ugali mwenyewe. Akamega, akanusa, akaonja mbele ya Agustina, akameza. Kisha akamsogezea sahani.

Agustina alirudi nyuma na mtoto wake kifuani. "Hapana, mama."

"Kula. Nimekosea. Hauna kitu."

"Wewe umeshazaa ukamaliza," Agustina alisema, na machozi yalikuwa yanamtiririka. "Hata ukifunga, unakufungia nini? Mimi nina maziwa haya kidogo tu. Uliniambia nisiuguse hata ukifa. Machage hakula, mama. Yeye anayeujua hakula."

Robi alimbembeleza, akamkaripia, akamwapia kwa jina la marehemu mumewe. Ukuta. Alikuwa ameujenga mwenyewe kwa maneno yake, tofali kwa tofali, na ulikuwa ukuta mzuri usiopitisha hata upepo.

Jumatano lori lilikuja mapema. Robi alipofika dukani, magunia kumi na mawili yalikuwa yameshapakiwa na watu walikuwa wamesimama wakiangalia, baadhi yao midomo imewapasuka kwa njaa, lakini wakiangalia tu. Machage alikuwa mlangoni. Alipomwona mama mkwe wake anakuja uso wazi, bila kanga kichwani, aliruka ndani kama mtu aliyemwagiwa maji ya moto.

Robi alisimama mbele ya mwenyekiti, mgongo ameuelekeza dukani.

"Nyangwine, waambie hao wasipakie. Jumamosi mkwe wangu alishindwa kula kwa sababu yangu. Nilikuwa nyuma ya ghala. Nilijificha nimwone anavyokula. Zile chafya ni zangu."

Umati ulishika vinywa. Mwanamke mmoja alicheka, akajiziba. Wazee wawili waligeuza nyuso pembeni kwa aibu kwa niaba yake. Robi aliyaona yote hayo, na yalimuuma kama alivyojua yangemuuma.

"Hili ni la wazee," Nyangwine alisema hatimaye. "Hapo kuna mbuzi, mama Kisyeri."

"Mbuzi ninao watatu," alisema Robi. "Mjukuu ninaye mmoja. Pikeni ugali, mumpe Machage ale mbele yenu. Mimi naondoka. Nakwenda ng'ambo ya kilima, nisionekane. Yeyote atakayeniona nageuza shingo, aniite mchawi."

Akaondoka.

Ilikuwa njia fupi, hatua kama mia nne za kupanda, lakini hajawahi kutembea safari ndefu kama ile. Nyuma yake alisikia kuni zikivunjwa. Alisikia mwiko ukigonga sufuria. Baadaye akasikia kimya, kile kimya cha watu wengi wanaotazama kitu kimoja, na kila mfupa wa shingo yake ulimwomba ageuke. Je, kama Felista alidanganya? Kama kijana yule anafinyanga tonge na kulidondosha mkononi? Macho yake yalikuwa mazuri bado, angeona hata kutoka pale. Mara moja tu. Nani angejua?

Alipanda. Alivuka kilima. Hapo akakaa chini kwenye nyasi, akalia kwa hasira na kwa hofu. Sauti zilipoanza tena kule nyuma hakuweza kujua kama ni za shangwe au za kuzomea. Kwa mbali zinafanana.

Alizunguka na njia ya mtoni mpaka nyumbani. Agustina alikuwa kizingitini, Heche amemlaza mapajani. Ule ugali wa jana ulikuwa bado sahanini, umefunikwa, umekauka kingo.

"Amekula?" Agustina aliuliza.

"Amekula."

"Umemwona?"

Robi alifungua mdomo. Uongo ulikuwa tayari ulimini, mtamu, wa kuokoa mtu.

"Sikumwona," alisema. "Nimempa mgongo mpaka huku. Sijui chochote, mwanangu. Nimeamini tu."

Agustina alimtazama. Miaka miwili ameishi na mwanamke huyu, na hajawahi kumwona akiamini hata mvua kabla haijamlowesha. Aliivuta sahani, akaifunua, akamega tonge la njano.

Robi aligeuka akatazama ukutani, amwache ale.