Mkono wa Kushoto wa Masta

Mwaka wa tisini na nane nilikuwa nikifunga mizigo ya shangazi yangu Bimdogo, jengo la Tianxiu, hapo Guangzhou, China. Chumba cha pili kutoka chetu alikaa mzee wa Kihindi wa Kerala, na mwanawe mwuza vifungo vya nguo. Mzee tulimwita Masta, maana kwao ndivyo wanavyowaita watunzi wa nyimbo za filamu.

Kiswahili alikipata Mombasa, alikokuwa karani ujanani. Kisha akarudi kwao akatunga nyimbo za filamu za Kimalayalam miaka ishirini. Tuni kwanza, akiimba na-na-na, mshairi aje baadaye kutia maneno. Halafu zikaja mashine zinazopiga ala zote zenyewe, wenye filamu wakaacha kumgongea mlango. Nikimuuliza kama iliuma, hucheka tu.

Kiharusi kikamchukua mkono wa kushoto. "Huu meiyou," alisema, kama wenye maduka wanavyotuambia hakuna bidhaa. Na kinanda chake, kile cha kupigwa mtu amekaa chini, chataka mikono miwili: wa kulia ubonyeze, wa kushoto usukume mvukuto wa hewa nyuma.

Ndipo ikaja barua ya Leelamma, aliyeimba wimbo wa kwanza wa Masta. Masta aliwahi kumwahidi tuni moja, filamu ikafia njiani. Sasa sauti inamwishia, anaiomba tuni yake. Ijumaa ile, baada ya alasiri, kuna mtu wa kwao alikuwa anasafiri kwenda Kerala. Kaseti ya tuni iende naye, au basi.

Shangazi akanitoa mimi nisukume mvukuto. "Swalha hana shule ya maana," akamwambia Masta, "lakini ukimwambia akae, anakaa."

Nilisukuma kama ninayejaza upepo baiskeli. Sauti ikayumba. Masta hakugomba.

"Binti, usitazame kinanda. Nitazame mimi, hapa kifuani."

Nikamtazama. Akivuta pumzi nafungua, akiitoa nafunga taratibu. Mara ya nne, redio ikirekodi, chumba kikajaa sauti, hata wapagazi waliokuwa wakiburuta marobota nje wakasimama. Masta alifumba macho, nikajua hayupo Guangzhou.

Mwishoni kabisa bangili yangu ikagonga ubao, ti, ikaingia kwenye kaseti.

Nikaomba turudie, nitaivua. Lakini msafiri alishafika mlangoni, kashika begi. Masta akaitoa kaseti kwa mkono wake mmoja, akampa.

"Studio tulikuwa na mtu wa kugonga kengele pale pale," akaniambia. "Kila siku akichelewa. Wewe umewahi."

Sikucheka. Nililala na ile ti siku nyingi.

Ramadhani ikaingia, na kaseti nyingine ikaja kutoka Kerala. Leelamma ameiimba, sauti imekwaruza kama mtu aliyetoka kulia, maneno siyajui hata moja. Tukasikiliza mpaka mwisho. Na pale pale, huko kwao, mtu amegonga kitu: ti.

Masta akairudisha kaseti nyuma, tusikie tena.