Siku Kumi na Moja za Mwalimu Rula

Wanafunzi walimbandika jina la Rula kwa sababu ya mgongo wake, maana alitembea wima kama aliyemeza ubao. Lakini ungemkuta asubuhi ile kwenye benchi la mahakama, ungesema rula imepinda. Ilikuwa mara ya kumi na nne kuitwa katika miaka minne. Kuna siku jaji aliumwa. Kuna siku wakili wa ofisi ya elimu hakutokea. Kuna siku jalada lilipotea, likaja kuonekana chini ya kesi za mashamba. Mwalimu Rula alishajua benchi lipi lina msumari na karani yupi huitikia salamu.

Benchi la mbele alikaa wifi yake, dada wa mumewe, mwalimu mkuu wa shule waliyofundisha wote wawili. Miaka minne hawajapeana hata pole.

Ugomvi wenyewe ulikuwa wa siku kumi na moja. Zamani, wakiwa vijana, walimaliza chuo cha ualimu pamoja, wakapata barua za ajira za tarehe moja, wakapangiwa shule moja. Wifi aliripoti siku iliyotakiwa. Rula, aliyekuwa ameshaolewa, alishikwa na uchungu asubuhi hiyohiyo, akajifungua binti, akaripoti siku kumi na moja baadaye. Hakuna aliyejali. Ila mwalimu mkuu wa zamani alipostaafu, ofisi ya elimu ilitoa orodha ya nani kamtangulia nani kazini, ikahesabu kuanzia siku ya kuripoti. Wifi akawa juu, akapewa ofisi.

Rula alisema kanuni inahesabu tarehe ya barua, na zikilingana hutangulia mkubwa kwa umri. Naye ni mkubwa kwa miaka miwili. Aliandika kulalamika, hakujibiwa. Akakata rufaa, ikatupwa. Ndipo akaenda mahakamani kuishitaki ofisi, na wakili wake akamwambia hakuna namna, wifi naye lazima aunganishwe, kwani cheo kinachogombewa ni chake.

“Mafahali mpigane tu,” mumewe alisema siku hiyo, “mimi ndiyo zile nyasi.” Tangu hapo alikuwa akienda kwa dada yake peke yake, na akirudi hasemi kitu.

Sasa wakili wa ofisi alisimama, akavuta suruali.

“Mheshimiwa, kwenye faili la mlalamikaji hakuna barua yoyote ya ruhusa ya uzazi. Alichelewa kazini, basi.”

“Niliandika,” alisema Rula.

“Uliipeleka lini?”

“Sikuipeleka mimi. Nilikuwa kitandani, hospitali.”

“Nakala unayo?”

“Sina.”

Binti yake, aliyemsindikiza siku hiyo, aliinamisha kichwa. Si jambo dogo kusikia kuzaliwa kwako kunaitwa kuchelewa.

Jaji alivua miwani, akamgeukia wifi, ambaye hakuwa na wakili. “Mwalimu mkuu, wewe unajua lolote kuhusu barua hiyo?”

Wifi alisimama taratibu, ameshika mgongo wa benchi.

“Ilikuwepo, mheshimiwa. Niliipeleka mimi. Nilimkabidhi mwalimu mkuu wa wakati ule, mkononi, halafu nikapitia hospitali kumpelekea mzazi chai.”

Wakili wa ofisi alimtazama kama mtu aliyemwagiwa maji.

“Unaelewa unachokisema?” jaji aliuliza.

“Naelewa. Najipalia makaa.”

Kesi ikaahirishwa kungoja hukumu. Rula alimkimbilia wifi yake kwenye ukumbi wa nje, mkoba ukimponyoka begani.

“Wifi, ahsante.”

“Nimesema kweli. Sijasema nimekusamehe.” Wifi hakusimama. “Ungekuja nyumbani kwanza. Ungeniambia, wifi, mimi naidai haki yangu. Lakini unaniletea karatasi ya mahakama saa ya chai, mbele ya walimu wote, nikiwa na kikombe mkononi!”

Rula akaurudisha mkoba begani. Ndivyo ilivyokuwa.

Hukumu ilitoka baada ya miezi mitatu: orodha ipangwe upya, cheo kimfuate anayestahili. Ofisi ilichukua miezi mitano mingine kuandika barua ya ukurasa mmoja. Jumatatu moja, basi, mawifi wawili walikaa meza moja kufanya makabidhiano.

“Madawati mia mbili na sita. Mabovu thelathini.”

“Nimeona.”

“Darasa la tano linavuja upande wa dirisha. Kuna mzazi fundi aliahidi kuziba. Usimtegemee, ana maneno matamu.”

“Sawa.”

“Funguo za stoo. Huu mdogo ukiingia unagoma. Uinue kidogo, halafu zungusha.”

Rula aliujaribu, ukagoma, akauinua, ukazunguka. Miaka minne alikuwa akiifikiria siku hii, akijiona akicheka. Alichokisikia ni magoti yakimuuma na hamu ya kulala. Walitia sahihi, mmoja baada ya mwingine, kwa kalamu moja.

Mlangoni wifi aligeuka. “Ukipanga ratiba, nipe vipindi vya asubuhi. Mchana miguu inanivimba.”

“Tangu lini?”

“Mwaka juzi.”

Rula hakuwa amejua. Wamekaa shule moja, mumewe anajua, yeye hakuambiwa. “Nitakupa na darasa la chini, usipande ngazi.”

“Hilo sikuomba.”

“Najua, wifi.”

Wifi akaukumbatia mkoba wake na kwenda zake. Rula alivuta karatasi ya ratiba, akachonga penseli, akaandika jina la wifi kwenye kipindi cha kwanza cha Sayansi, darasa la nne. Walimu wengine watatu nao walikuwa wameshaomba asubuhi. Mmoja wao alikuwa tayari anabisha hodi.

“Karibu,” alisema Rula, bila kuinua kichwa.