Jina Juu ya Hukumu

Mhadhiri alikuwa ameandika kitabu kinene juu ya historia ya mahakama ya rufaa, kitabu chenye tanbihi ndefu kuliko maelezo, cha aina ile ambayo watu hununua ili rafu ipendeze. Ujana wake wote uliishia mle. Mhariri wa chuo alikwisha kumwambia kwamba Ijumaa haitapita: rasimu iletwe kama ilivyo au isiletwe kabisa. Naye, badala ya kuipeleka, Jumatano alitia sura mbili mkobani akaenda kwa baba yake, kama mwanafunzi aliyeitwa ofisini kwa mwalimu mkuu.

Sababu ilikuwa sura ya sita. Sura hiyo ilimsema baba yake. Mzee alikuwa jaji wa rufaa mpaka alipostaafu, na mtaa mzima, kuanzia muuza duka hadi fundi bomba, bado ulimwita Jaji. Katika ripoti za sheria, yale majuzuu ambamo hukumu kubwa hukusanywa na kuchapishwa, jina lake lilikaa juu ya hukumu iliyowaondoa wakazi wa nyuma ya kiwanda. Watu wale walikuwa pale kabla ya kiwanda chenyewe. Hukumu ilisema kukaa bila karatasi ni kukaa bure, na matingatinga yakamalizia maneno yaliyobaki. Mhadhiri aliwatafuta baadhi yao, akawasikiliza, kisha akaandika bila kupaka asali, kwa kuwa la kuvunda halina ubani. Lakini baba yake alikuwa na moyo dhaifu, na kusema kweli hapakuwa na msomaji mwingine duniani aliyemjali zaidi ya huyo. Aliogopa kumuua, na aliogopa zaidi kwamba mzee angesoma, akanyamaza, na wasizungumze tena kama zamani.

"Umekuja kumfunga kaka yangu?" shangazi aliuliza alipofungua mlango. Yeye ndiye aliyekuwa akimtunza mzee, na habari za sura ya sita alizijua kabla hajaambiwa.

"Nimekuja kumpa asome tu, shangazi."

"Haya. Akianguka utambeba mwenyewe. Mgongo wangu ulishastaafu."

Jaji alikuwa kwenye meza ya kulia chakula. Chumba chake cha kusomea, vitabu vilishakichukua, vikamhamisha bila hata amri ya mahakama. Mhadhiri alimwamkia, akaiweka sura ya sita mbele yake, akakimbilia jikoni kumsaidia shangazi kuchambua mchele. Alichambua vibaya. Shangazi alikuwa akirudia nyuma yake, akiokota mawe na kuguna.

Mzee alipoita, alikuwa ameshaweka kalamu yake nyekundu chini. "Ni kali," alisema.

"Najua, baba."

"Ni kali, na ni haki. Juzuu hapa umelikosea, nimekurekebishia. Na hapa uliposema 'pengine mahakama haikuwatazama wakazi', toa hilo 'pengine'. Hatukuwatazama."

Mhadhiri alikaa kitini kwa kishindo. Machozi yalimtoka, naye hakuyafuta, kwa kuwa yalikuwa ya furaha na nyumba ile haikuwa na mgeni. Mtu aliyetarajia kipigo akapewa maji ya kunywa, atasema nini? Basi kwa furaha ile akafungua mkoba akatoa sura ya pili. Hiyo alikuwa ameileta kama zawadi, dawa ya kupoza ikiwa ya sita ingemchoma mzee.

Sura ya pili ilihusu hukumu ya mjane, ambayo ripoti ziliiweka chini ya jina lile lile. Ndugu wa mume walitaka kumtoa mjane nyumbani, na mahakama ikakataa. Mhadhiri alikuwepo siku ile. Alikuwa msichana wa shule, amekaa benchi la nyuma na sare yake, akamsikia baba yake akisoma kwa sauti isiyotikisika: "Nyumba haimfuati marehemu kaburini." Mjane alipiga magoti palepale. Siku hiyo msichana alikata shauri kusoma sheria, na tangu alipoanza kufundisha hakuna darasa lake lililomaliza mwaka bila kuijua sentensi ile kwa moyo.

Jaji alisoma polepole. Safari hii kalamu haikusogea. Alipofika mwisho alivua miwani, akaisugua kwa ncha ya shati muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Hii siwezi kuiacha ipite," alisema.

"Nimekosea juzuu tena?"

"Umekosea mtu. Ile hukumu sikuiandika mimi. Niliisoma."

Mhadhiri hakuelewa, na mzee akamweleza taratibu. Katika jopo lao la majaji watatu, aliyekuwa mdogo kazini, yaani yeye, ndiye aliyesoma hukumu mbele ya watu, awe ameiandika au la. Wakubwa walikuwa na macho mabovu, na mmoja, yule waliyemwita Kifua kwa kikohozi chake, hakuweza kumaliza ukurasa. Karani wa ripoti naye aliandika jina la msomaji juu ya hukumu, basi. Kwa kuwa serikali haikuteua jaji mpya kwa muda mrefu, mdogo aliendelea kuwa yeye yule, mvi zikamkuta katika udogo huo.

"Lakini kila mtu anajua jina la juu ni la mwandishi!" alisema Mhadhiri.

"Kila mtu yupi?"

Wasomi, bila shaka. Wasomi walikuwa wameandika tasnifu, makala na vitabu juu ya fikra za jaji huyu na msimamo wa jaji yule, wote wakiamini jina lile la juu, na kila mmoja akimtaja mwenzake kuwa ushahidi. Hakuna aliyemuuliza jaji hata mmoja. Mhadhiri ndiye aliyekuwa na jaji mezani kila sikukuu, na ndiye aliyejiwekea sharti la kutomhoji, asije akaambiwa anampendelea baba yake. Uangalifu wake ndio uliompoteza.

Kisha likamjia jingine, akainuka. "Baba! Basi na ile ya kiwanda hukuiandika wewe."

"Niliisoma."

"Ni ya nani? Kifua?"

"Nani aliandika ni siri ya chumba cha majaji. Nani alisoma, hata mfagizi alijua." Mzee alivaa miwani yake. "Ila marehemu Kifua alikuwa hodari sana wa kuandika. Dibaji yako uliyonitumia inasema alikuwa akisinzia."

Mhadhiri aliona haya. Aliandika sentensi ile kwa kucheka. Sasa alielewa kwamba mkono mmoja ulimpa mjane nyumba na mkono huo huo ukawanyima nyumba watu wa kiwanda, na kwamba kitabu chake chote, chenye majaji wema upande huu na wabaya upande ule, kilikuwa kimepanga sauti zilizosoma badala ya vichwa vilivyofikiri. Lakini hilo lilikuwa la kazi, la kazi lina dawa. Lililomfurahisha ni la nyumbani.

"Nitatia tanbihi sura ya sita," alisema haraka. "Jina lako litasafishika kabla ya Ijumaa."

"Na sura ya pili?"

Aliivuta sura ya pili kwake. Jikoni nako shangazi aliacha kuguna, kwa sababu zake.

"Ukiniondolea ile, niondolee na hii," alisema Jaji. "Na usiseme nimesafishika. Sahihi yangu iko chini ya zote mbili. Kidole kimoja hakivunji chawa. Tulikuwa watatu, na hakuna aliyenishika mkono."

"Lakini nilikuwepo, baba. Nilikusikia. Hukumu ile ndiyo iliyonifanya nisome sheria."

"Najua. Ndiyo maana nilinyamaza." Mzee aliitazama meza. "Ulitoka mle mahakamani ukinitazama vile ambavyo sikuwahi kutazamwa na mtu. Mara ya kwanza niliona aibu kukusahihisha. Baadaye nikaona utamu."

Mhadhiri alitamani kumkasirikia, akashindwa. Hasira ingekuja kesho, njiani, na ingemkuta ameshafanya kazi. Aliona wazi kwamba angeweza kuondoka na sura zote mbili kama zilivyokuja, au kurekebisha moja tu, ile inayouma. Nani angejua? Mzee hangemshitaki. Alivuta kalamu nyekundu akalikata jina la baba yake katika sura ya sita, na mkono ulikuwa mwepesi. Alipofungua ya pili mkono ukawa mzito. Jina lilikuwa kila ukurasa. Alilikata mara moja, mara nyingine, juu yake akiandika "mahakama", na kila alipokata alimuona yule msichana wa sare akibaki peke yake benchini. Alilia, safari hii si kwa furaha. Kisha akafuta na kile kichekesho cha kusinzia katika nakala ya dibaji aliyokuwa nayo mzee.

Jaji alimwacha amalize. Hakumpa pole, na vizuri alivyofanya.

"Sasa uliandika zipi wewe?" Mhadhiri aliuliza, sauti imekwaruza.

"Za kawaida. Mipaka, mizani, mikataba ya magunia. Hakuna aliyezinukuu." Alifikiri kidogo. "Iko moja ya mtaro. Niliipenda."

Alimtajia juzuu. Mhadhiri aliingia kule kwenye chumba kilichotekwa, akapekua, akarudi na kitabu chenye vumbi. Hukumu yenyewe ilikuwa nusu ukurasa. Jirani alimshitaki jirani kwa maji ya mtaro, mashahidi wakapingana hadi rufaa. Aliisoma kwa sauti: "Mahakama hii, ikiwa imechoka kuambiwa maji yanapita wapi, ilikwenda yenyewe siku ya mvua. Ililoa. Yanapita uani kwa mdaiwa, mbele ya mlango anakotokea bibi mmoja mwenye fimbo. Mdaiwa azibue."

Alicheka mpaka akashika meza. Hapakuwa na fahari ndani yake, wala sentensi ya kukaririwa na darasa. Palikuwa na mtu mmoja aliyevaa koti lake akaenda kutazama, na mtu huyo alimjua. Ghafla alimpenda baba yake kwa namna ambayo benchi la nyuma halikuwahi kumpa.

"Utaitia kitabuni?" mzee aliuliza, akijifanya anatafuta kifuniko cha kalamu.

Alitaka kuitia. Angeweza hata kuibandika jaladani. "Siitii," alisema. "Haina uzito wa kisheria."

"Haina hata kidogo," alisema Jaji, akatabasamu hadi meno ya bandia yakaonekana. "Ungeitia, ningekata rufaa."