Nguruwe na Matufaha kwa Watu Wawili

Kupikia watu mia nne si kazi, mniulize mimi. Unaamka gizani, unawasha majiko matatu, unamimina gunia, unashika mwiko mrefu kama jembe, na saa saba kengele ikilia wanafunzi wanapanga mstari huku wakigonganisha sahani. Nimefanya hivyo miaka thelathini na mmoja katika shule moja ya bweni, na chakula changu hakijawahi kuisubirisha kengele. Wanafunzi walinibandika jina la Upawa. Kazi ngumu, nimekuja kuijua uzeeni, ni kupikia watu wawili, hasa mmoja wao akiwa ni mke wako aliyekuhama.

Hakunihama kwa ugomvi wa maana, au ndivyo nilivyojidanganya. Wiki ya kwanza ya kustaafu nilikaa sebuleni, nikanyoosha miguu, nikatangaza kwamba mimi na mwiko basi, tumeachana. Mke wangu alikuwa anakunja shuka. Alikuwa nesi wa wodi ya wazazi, alistaafu miaka miwili kabla yangu, na si mtu wa maneno mengi. Akaiweka ile shuka chini, akasema, "Mume wangu, hujawahi kunipikia."

Nikacheka. Nikamwuliza, kwani ile hotipoti ya bluu iliyokuwa ikiingia humu ndani kila jioni ilikuwa imebeba mawe?

"Ilibeba mabaki," akasema. "Miaka yote hii nimekula kilichobaki watu mia nne wakishashiba. Sikulalamika kwa sababu nilikuona unachoka. Nilijiambia, akistaafu atanipikia. Sasa umestaafu."

Kesho yake alibeba begi moja akaenda kwa dada yake, upande wa pili wa mji. Nilihesabu siku mbili, tatu zikizidi. Zikawa wiki sita.

Mimi hasira zangu ziko karibu, sifichi. Wiki mbili za kwanza nilinuna peke yangu nyumbani, na kununa bila mtu wa kukuona ni kazi bure. Niliyasema masufuria, nikausema mlango. Wiki ya tatu nikawa naishi kwa chai na mkate. Wiki ya tano nilikaa jikoni nikajaribu kukumbuka siku moja, moja tu, niliyowasha jiko kwa ajili yake, hata kumchemshia yai alipojifungua. Sikuipata. Niliona aibu ambayo sijawahi kuiona mbele ya mtu yeyote.

Jumatano akapiga simu. Sauti yake ilikuwa ile ya wodini, ya kumwambia mgonjwa asitikisike. Jumamosi saa kumi na mbili jioni angepita kuchukua nguo zake zilizobaki.

"Zote?" nikamwuliza.

"Zote."

Basi nikajua nina siku tatu. Akishafunga lile begi, kabati likabaki na mashati yangu tu, hakuna cha kumrudisha tena.

Cha kupika hakikunisumbua kukijua. Zamani, kabla hatujazaa, aliwahi kunisimulia jinsi alipokuwa mwanafunzi wa uuguzi na metroni akawaalika nyumbani kwake, wakapewa nyama ya nguruwe iliyokaangwa pamoja na matufaha. Aliisimulia kwa mikono, akionyesha jinsi tufaha lilivyolegea na mchuzi wake ulivyong'aa. Mwaka mwingine akaisimulia tena. Mimi nikamjibu kwamba watu mia nne wakila hivyo nguruwe wataisha duniani, nikaona nimechekesha. Hakuisimulia mara ya tatu.

Nikampigia binti yetu wa mwisho, anayefanya kazi mbali, ambaye anapika kila anachokiona kwenye simu. Akacheka mpaka nikasikia anakohoa. "Baba, hicho ni chakula cha nusu saa na kikaango kimoja. Unahitaji vipande viwili vya nyama vyenye mfupa na matufaha mawili."

"Viwili kwa kila mtu?"

"Viwili kwa wote, baba. Kimoja chako, kimoja cha mama. Halafu kuna jambo moja, nakujua wewe. Ukishaiweka nyama kwenye kikaango, usiiguse. Dakika nne. Ukiigeuzageuza itatoa maji na hutapata ile rangi."

Nilifika buchani Jumamosi asubuhi nimejiandaa kusema viwili. Muuza nyama akashika kisu, akaniuliza vingapi, na mdomo wangu ukagoma. Katika jiko langu kulikuwa na kanuni: unapika, halafu unaongeza cha wachelewaji. Hakuna mwanafunzi aliyewahi kuchelewa akalala njaa mikononi mwangu. Nikasema vinne. Sokoni ndiyo kabisa, nikarudi na matufaha saba.

Saa kumi na moja nikaingia jikoni. Vipande viwili nikaviacha kwenye friji, viwili nikavikausha kwa kitambaa safi kama nilivyoagizwa, nikavipaka chumvi na pilipili manga. Matufaha mawili nikayakata vipande vya unene wa kidole, na maganda yake, na kitunguu kimoja. Kimoja. Nilikitazama kile kitunguu pale kwenye ubao nikakionea huruma. Mafuta yalipopata moto nikailaza nyama, ikalia, harufu ikapanda, na mkono wangu wa kulia ukaondoka wenyewe kwenda kukoroga.

Nikaurudisha. Ukaenda tena. Mwisho niliifumbata mikono yote nyuma ya mgongo, nikasimama mbele ya jiko kama mwanafunzi aliyeitwa ofisini, macho kwenye saa ya ukutani. Dakika nne za kutofanya kitu ni ndefu kuliko mchana wa kupikia mia nne. Nilipogeuza nikakuta upande wa chini umeiva rangi ya kahawia safi, na sitawaficha, nilitamani mtu aone.

Nyama ikatoka, kikaingia kitunguu, siagi, matufaha, siki kidogo na maji kidogo, nikakwangua kule chini kulikoshika utamu, nikairudisha nyama ikae humo dakika chache. Saa kumi na moja na nusu kila kitu tayari. Nusu saa kabla ya wakati, kama siku zote. Nikatandika meza, sahani mbili, vikombe viwili, nikaosha kikaango, nikabadilisha shati, nikakaa.

Alikuja kwa wakati wake, lile begi mkononi. Hakubisha hodi, na hilo nililipokea kama zawadi. Aliponiona na shati la sikukuu alitaka kutabasamu. Akavuta harufu iliyokuwa bado inazunguka ndani, akasimama. "Umepika nguruwe," akasema. "Na matufaha?"

"Kaa," nikamwambia. "Kaa kwanza."

Akaigeukia meza, na tabasamu likaondoka. Nikafuata macho yake. Katikati ya zile sahani mbili tupu ilikuwa imekaa hotipoti ya bluu. Imefunikwa. Nimeifunga na kitambaa chake, fundo juu, kama nilivyoifunga kila jioni ya maisha yangu ya kazi ili isimwagike njiani.

Sikumbuki kuifunga. Mbele ya yeyote atakayeniapisha, sikumbuki. Chakula kiliiva, mikono ikafanya inachokijua.

"Umeniletea," akasema polepole. "Hata leo, humu humu ndani, umeniletea."

Nilifungua kile kitambaa harakaharaka, nikainua kifuniko. Mvuke ukanipiga usoni. Ile rangi niliyoisubiri mikono nyuma ilikuwa imelowa jasho, nyama imepauka, matufaha yamelala. Kilikuwa chakula cha shule. Yeye akapita, akaingia chumbani, na nikasikia kabati likifunguliwa, kisha hanga zikigongana.

Nilisimama pale nikiwa sina hata hasira ya kushika. Zikagongana tena. Ndipo nikakumbuka wachelewaji.

Nikafungua friji, nikatoa vile vipande viwili, nikavikausha. Nikakata tufaha, nikakata kitunguu. Nikawasha jiko. Niliposhika kopo la chumvi mkono ukasita hewani, maana nilikuwa naelekea kuchota kama nilivyozoea, na hapo kikaniingia kitu ambacho miaka thelathini na mmoja hakikuniingia.

Alitoka chumbani na begi limejaa. Akasimama mlangoni mwa jiko.

"Unafanya nini?"

"Napika."

"Na kile cha mezani?"

"Kile nimekikosea. Hiki ndicho chako." Sikugeuka, niliogopa nikimtazama nitalia. "Mke wangu, chumvi unapenda kiasi gani?"

Nilisikia bomba likidondosha maji kwenye sinki.

"Hujui?" akauliza.

"Sijui. Sijawahi kukuuliza. Nilikuwa natia kwa kikombe, kwa watu mia nne."

Begi likawekwa sakafuni. Akaja akasimama pembeni yangu, akaingiza vidole viwili kwenye kopo, akanyunyiza juu ya kipande kimoja. Kidogo sana. Ningekula mimi ningesema nyama haina chumvi. Kumbe miaka yote hiyo alikuwa anakula chakula kikali kwake, anakunywa maji, ananyamaza.

Nikailaza nyama. Mkono ukaondoka kwenda kukoroga, yeye akauona, akaushika kwenye kiwiko. Tukasimama hivyo dakika zote nne.

Hatukufika mezani. Alivuta kigoda akala palepale jikoni, kikaango mbele yetu kwenye kaunta, akimega nyama kwa uma na kuchovya kipande cha tufaha. Mimi nilikula changu nimesimama, ni mazoea, mtu hawezi kuacha yote siku moja. Alikula taratibu. Alipomaliza alifuta kikaango na kipande cha mwisho cha kitunguu.

"Matufaha ya metroni yalikuwa laini zaidi," akasema.

Nilihudumia vizazi vya wanafunzi na hakuna aliyewahi kuniambia kitu kama hicho. Walikuwa wanakula na kuondoka. Nikamwambia kesho nitayaachia dakika mbili zaidi, halafu nikajishika ulimi, kwa sababu kesho haikuwa yangu kuisema.

Aliinuka, akalifungua lile begi pale sakafuni, akatoa gauni la kwanza, la pili, sweta, akazilundika zote juu ya kigoda. Begi lilipobaki tupu akaenda mezani, akaifunika hotipoti, akaifunga kitambaa, fundo juu, akaitia ndani.

"Hii nampelekea dada," akasema. "Nimelala kwake wiki sita. Siwezi kwenda kumuaga mikono mitupu."

Akatoka. Mimi nilizichukua nguo zake kwenye kigoda, moja moja, nikazirudisha kwenye hanga.