Kitanda Kisicholia

Shemeji alinitupia bango mezani: punguzo kwa kila kitanda. "Katundike. Tovuti yako isipouza wiki hii, tusijuane."

Tovuti yangu! Kiwanda chake, vitanda vyake, hasara ndiyo yangu.

"Shemeji, shida siyo bei. Nimesoma wanachoandika kwenye kile kisanduku cha kutafutia. Hakuna aliyeandika 'rahisi'. Huyu kaandika 'kitanda kisicholia'. Huyu, 'kitanda cha nyumba ya kupanga'. Huyu, 'kizito, hakitikisiki'. Tunawaonyesha vitanda vyote, wanaondoka."

"Kwa hiyo vitanda vyangu vinalia?"

"Mimi sijasema. Wateja..."

"Wateja gani! Hao ni wale washenzi wa duka la vitanda la ng'ambo ya barabara, wanaandika upuuzi na wewe unausoma. Una diploma ya kompyuta au ya umbea?"

"Nimesomea vyote, ila cheti walinipa kimoja."

Seremala alicheka, akajifanya anakohoa. Misumeno yote ilikuwa kimya. Shemeji akifoka, hakuna anayetaka kupitwa.

Nikavua viatu, nikapanda kitanda cha maonyesho, nikajigeuza mara moja tu. Kriiich! Mama mmoja aliyekuwa anapapasa magodoro alikitazama kitanda, akatutazama sisi, akabana mkoba kwapani, huyoo.

"Umenifukuzia mteja!"

"Kakimbia kitanda, siyo mimi."

"Toka! Weka funguo hapo, toka!"

Nilikuwa nahangaika na funguo mfukoni pale dada yangu, ambaye ndiye mkewe, aliposema kutoka dirisha la risiti. Tangu asubuhi hakuwa ameinua kichwa.

"Huyo wa 'kisicholia' ni mimi."

Shemeji akageuka. "Wewe?"

"Mimi. Tangu mama yako ahamie chumba cha pili tunalala kama wezi. Nimetafuta kwetu, sijapata. Nikanunua kwa hao wa ng'ambo ya barabara. Wanaleta kesho."

Nikatazama dari. Kuna mambo kaka mtu hapaswi kuyasikia.

Shemeji akamrukia seremala. "Nani kakwambia upunguze bolti?"

"Wewe, bosi. Ulisema watu wanataka bei ya chini."

Shemeji alilitazama bango, akakitazama kitanda.

"Rudisha bolti zote," akasema. Kisha kwangu, bila kunitazama: "Chukua funguo zako. Hilo bango kachome. Na ukicheka, nakung'oa meno."

Sikucheka. Nilikohoa, kama seremala.