Mashine Haina Masikio

Jumapili hiyo mchana, ukumbi wa klabu ya kiwanda cha meli ulijaa hadi madirishani. Watu walitafuna mbegu za alizeti na kutema maganda sakafuni. Gordei alibanana na mkewe, Ustinya, katikati ya mafundi wenzake wa boila za mvuke za meli.

Ustinya alimgusa goti, akageuza uso amwone midomo. "Leo nimekaa na nyota wa sinema. Usije ukanikimbia kwenda Odessa, kwenye studio zao!"

"Odessa wanataka wenye meno," Gordei akamjibu.

Filamu ilihusu mgomo wao wa mwaka 1905, ule ulioshindwa. Pankrat, fundi mwenzao na mume wa kwanza wa Ustinya, aliuawa kwenye lango la makaa, maana kuna mtu aliwatonya askari kwamba wagomaji watapitia hapo. Miaka ishirini na moja mtu huyo hakujulikana. Gordei alimjua vizuri. Alimnyoa kila asubuhi.

Siku ya kupiga picha za filamu hiyo, mwongozaji alimpigisha Gordei magoti mbele ya mwigizaji aliyelala kama maiti. "Lia, ndugu, sema lolote. Mashine haina masikio." Mwigizaji alivaa kofia kama ya Pankrat, na Gordei akashindwa kujizuia. Akasema yote. Loo, alirudi nyumbani mwepesi, akala viazi sahani mbili!

Sasa uso wake ulitokea ukutani, mkubwa kama mlango wa ghala, na midomo ikaanza kwenda.

Mjinga wewe, Gordei! Nyundo za boila ziliwaua masikio nyote, mkabaki kusomana midomo. Hata Ustinya alijifunza kwa Pankrat.

"Nisamehe, Pankrat," uso ulisema bila sauti. "Ni mimi niliyewaambia lango la makaa."

Kinanda cha kusindikiza filamu kiliendelea kulia. Mbegu hazikutafunwa tena. Vichwa vya safu za mbele viligeuka kimoja kimoja, vikamtazama gizani, na hakuna aliyenyanyua hata mkono. Gordei alitaka kupiga kelele ule uso unyamaze.

"Nilimtaka Ustinya," uso ukasema.

Ustinya alimgeukia. Hakutoa sauti. Alifungua midomo taratibu, neno kwa neno, kama alivyofanya kila siku mezani kwao.

"Na mwanetu ukampa jina lake."